Sura ya Sita: Kitu na Karatasi Yake

Mwaka 1944, vita vikiwa bado havijaisha katika Pasifiki, kijana wa jeshi la anga la Australia aitwaye Maurie Isenberg alikuwa kwenye kituo cha rada katika visiwa vya Wessel, kaskazini kabisa mwa nchi hiyo. Siku moja ya mapumziko alikwenda kuvua, akaokota mchangani sarafu tisa kuukuu. Nne zilikuwa za Waholanzi. Tano hazikufanana na kitu chochote alichokijua. Akazitia koponi, vita vilipokwisha akarudi nazo nyumbani, na humo koponi zikakaa zaidi ya miaka thelathini. Alipozitoa mwaka 1979 ili zitambuliwe, akaambiwa kwamba zile tano zilifuliwa Kilwa.

Kilwa hii hii ya kwetu, Kilwa Kisiwani, ambayo Ibn Battuta aliifikia mwaka 1331 akamkuta sultani anayesifiwa kwa ukarimu. Masultani wake walifua fedha za shaba kwa karne kadhaa, baina ya miaka ya 1000 na 1400 hivi: upande mmoja jina la mtawala, upande wa pili maneno ya kumtegemea Mungu, na pande zote mbili zikaishia kwa kina kimoja. Watu wa pwani walikuwa na shairi hata mfukoni. Sarafu hizo hazina mwaka wala jina la mji, na nje ya pwani yetu ni adimu mno. Moja ilichimbuliwa Great Zimbabwe, jambo linaloeleweka kwa kuwa dhahabu ya Kilwa ilitoka huko bara. Lakini Australia?

Wapo wanaosema zilibebwa na mabaharia wa Kireno walioiteka Malacca mwaka 1511, miaka sita tu baada ya kuiteka Kilwa. Wengine wanataja wavuvi wa Makassar waliokuwa wakifuata majongoo ya bahari pwani za kaskazini. Pengine ni baharia mmoja tu aliyekuwa na mfuko wa chenji za bandari nyingi. Mwaka 2013 watafiti walikwenda visiwani humo kutafuta sarafu nyingine, wasipate, ila mwaka 2018 iliokotwa moja katika kisiwa cha Elcho inayodhaniwa kuwa ya Kilwa. Mjadala haujafungwa, nami sitaufunga hapa.

Ninachotaka msomaji akishike ni jambo dogo alilolifanya Isenberg. Alichukua ramani, akatia alama ya X mahali alipoziokota. Bila alama hiyo zingekuwa sarafu tano za zamani katika kopo la mzee, na mjukuu yeyote angezigawa au kuziuza. Kwa sababu ya alama hiyo zikawa ushahidi, watu wakapanda ndege na mashua kufuata mchoro wa kalamu. Leo ni mali ya makumbusho ya Powerhouse, mjini Sydney.

Sasa tutoke katikati ya Sydney, tuelekee magharibi kilomita kama thelathini, hadi Smithfield. Hakuna bahari hapa, wala ule upepo unaowavutia watalii. Kuna maghala na viwanda vilivyopangana kuelekea Wetherill Park, nyumba za ghorofa moja zenye ua, kijito cha Prospect, na joto la Januari linaloweza kupita nyuzi 40. Hii ni himaya ya halmashauri ya Fairfield, penye Waashuri waliokimbia Iraki na Siria, na Wavietinamu ambao Cabramatta jirani imekuwa mji wao. Waafrika wengi wa Sydney nao wamekaa upande huu wa magharibi, hasa Blacktown, na miongoni mwao wamo Wakongo ambao Kiswahili chao kilipitia kambi za wakimbizi za Kigoma au Kakuma kabla ya kutua huku. Smithfield yenyewe ina makumbusho, kwenye barabara ya The Horsley Drive, mali ya halmashauri, yenye kijiji cha kale kilichojengwa upya ili watoto wa shule waone walowezi walivyoishi.

Tuseme mtu wetu mmoja anataka kufungua hapa nyumba yake mwenyewe ya makumbusho: ya urithi wa Afrika na historia ya watu weusi, ya binafsi, katika chumba cha mbele au gereji iliyopakwa rangi. Wengi wataanza na vinyago, ngoma, mikuki miwili ukutani na ramani ya bara. Nimeingia katika nyumba za namna hiyo katika miji kadhaa ya ughaibuni, na kusema kweli nyingi ni maduka yaliyosahau kuweka bei. Kibandiko kinasema "Kinyago, Afrika". Nani alikichonga? Lini? Alimchongea nani, na kimefikaje hapa? Kimya.

Na kumbe historia ya watu weusi wa Sydney iko karibu sana na Smithfield, ila haina kinyago hata kimoja. Iko katika karatasi.

Merikebu kumi na moja zilizoleta wafungwa wa kwanza wa Kiingereza mwaka 1788 zilikuwa na watu weusi kama dazeni hivi. Wengi walikuwa masalia ya vita vya uhuru wa Marekani: watu waliokimbilia upande wa Waingereza wakiahidiwa uhuru, wakajikuta London bila kazi, wakaiba kidogo, wakahukumiwa. John Caesar alihukumiwa Maidstone, Kent, mwaka 1786, kwa wizi wa pauni kumi na mbili. Adhabu ilikuwa miaka saba ng'ambo. Huko koloni mgao wa chakula haukumtosha mtu wa umbo lake, akatoroka na bunduki, akakamatwa. Akafungwa minyororo kwenye kisiwa cha bandarini, akaiba mtumbwi, akatoroka tena. Wanahistoria wa Australia humhesabu kuwa jambazi wa kwanza wa porini, wa kwanza katika ukoo mrefu wa watoro ambao taifa lile limewatungia nyimbo, ingawa wengi waimbao hawajui kwamba wa kwanza wao alikuwa mtu mweusi.

Mwishoni mwa 1795 Caesar alipambana na Pemulwuy, shujaa wa wenyeji aliyeongoza upinzani dhidi ya walowezi, akamjeruhi kichwa vibaya kiasi kwamba habari za kwanza zilisema amemuua. Pemulwuy alipona, akapigana hadi 1802. Tafakari hapo: mtu mweusi mtoro na mwenyeji anayelinda ardhi yake, wote wawili wakiwindwa na gavana mmoja, wamekutana porini na kuumizana wao kwa wao. Januari 1796 gavana alitangaza zawadi ya galoni tano za pombe kali kwa atakayemleta Caesar. Tarehe 15 Februari mtu aitwaye Wimbow alimpiga risasi mahali palipoitwa Liberty Plains, Uwanda wa Uhuru, pande za Strathfield ya leo. Kitongoji chenye jina la Pemulwuy kipo kaskazini ya Smithfield, si mbali. Cha Caesar hakuna.

Tunayajua haya kwa sababu mahakama iliandika, na kwa sababu David Collins, ofisa wa sheria wa koloni, aliweka kumbukumbu. Collins hakumpenda Caesar hata chembe, na jicho lake ni la mtu anayemtazama mnyama wa kazi. Ni karatasi ya adui, lakini ipo. Mwanahistoria Cassandra Pybus alipotaka kuandika kitabu chake cha 2006 kuhusu watu hawa, alirudi kwenye daftari za hukumu, orodha za merikebu na vyeti vya ubatizo, akafuata jina moja moja. Humo anapatikana John Randall, aliyetoka Connecticut na kuhukumiwa Manchester mwaka 1785, ambaye katika koloni alikabidhiwa bunduki kumwindia gavana nyama. Anapatikana John Martin, aliyepewa ardhi mwaka 1792, kisha mwaka 1812 akamwoa Mary, binti wa Randall. Vizazi vyao vimeenea magharibi mwa Sydney, weupe wa ngozi wengi wao, na baadhi waligundua asili yao walipoanza kupekua nasaba za familia.

Billy Blue alikuwa na bahati kuliko wote. Aliletwa mwaka 1801 kwa kosa la kuiba sukari, akawa mvushaji wa bandari. Gavana Macquarie alimpenda kwa maneno yake na mwaka 1817 akampa ekari 80 upande wa kaskazini wa maji. Rasi ile inaitwa Blues Point hadi leo, karibu na lile daraja kubwa ambalo kila mgeni hulipiga picha. Blue alichorwa picha ya rangi mwaka 1834, mwaka aliofariki, nayo imo katika maktaba ya jimbo. Mzee amevaa kofia ndefu na amekamata gongo, anacheka na mtu asiyeonekana. Caesar hana sura. Randall hana sura. Anayetaka kuwaweka ukutani Smithfield atatundika nakala ya ukurasa wa hukumu, na atabidi amfundishe mgeni kuutazama kama anavyotazama kinyago.

Hapo ndipo mkusanyaji binafsi anapokuwa na kazi ambayo makumbusho ya serikali huichelewa. Na hapo ndipo anapohitaji kumjua Joseph Murumbi.

Murumbi alizaliwa Eldama Ravine mwaka 1911, baba mfanyabiashara Mgoa, mama Mmasai. Alipelekwa India akiwa mtoto kusoma, akarudi Kenya akiwa kijana asiyejua lugha ya mama yake, na nadhani maisha yake yote yaliyofuata yalikuwa ni kulilipa deni hilo. Viongozi wa chama cha KAU walipokamatwa mwaka 1952 alishika ukatibu, kisha akaenda uhamishoni London, karibu miaka kumi. Huko, fedha zikiwa haba, alizoea kuzunguka kwa wauza vitabu vikuukuu akinunua chochote kilichoandikwa juu ya Afrika: safari za wamisionari, kamusi, ramani, ripoti za kikoloni. Wauzaji walivihesabu kama vumbi la himaya inayofungwa. Yeye alijua kwamba ndani yake mna majina ya watu wetu, hata kama yameandikwa kwa dharau.

Uhuru ulipopatikana akawa Waziri wa Mambo ya Nje, na mwaka 1966 Makamu wa Rais kwa miezi michache tu kabla ya kujiuzulu. Sababu iliyotangazwa ilikuwa afya. Waliomjua walitaja pia mauaji ya rafiki yake Pio Gama Pinto, aliyepigwa risasi Februari 1965. Alipotoka serikalini akarudia kukusanya kwa nguvu zote: nguo, mapambo, stempu, sanamu, picha za wachoraji wapya. Mwaka 1972, pamoja na Alan Donovan, Mmarekani aliyewahi kufanya kazi ya misaada Nigeria wakati wa vita vya Biafra, akaanzisha African Heritage jijini Nairobi, nyumba ya sanaa ambako msusi wa vikapu na mchoraji waliuza chini ya paa moja.

Nyumba yake ya Muthaiga ilijaa hadi ukumbini. Inasimuliwa kwamba wanunuzi wa nje walimpa bei kubwa kuliko ya serikali, akakataa, kwa kuwa alitaka vitu vibaki Kenya. Mwaka 1976 akaiuzia serikali nyumba pamoja na maktaba yake, kwa makubaliano kwamba pale Muthaiga patakuwa taasisi ya taaluma za Afrika yenye jina lake. Yeye na mkewe Sheila wakahamia Transmara, karibu na ukoo wa mama yake, wakajenga nyumba nyingine kubwa.

Taasisi haikujengwa. Vitu vilihamishwa, nyumba ya Muthaiga ikabomolewa, ardhi ikakatwa viwanja. Murumbi aliporudi Nairobi, afya yake ikiwa imeshadhoofika, aliyaona hayo kwa macho yake. Alifariki Juni 1990, akazikwa ukingoni mwa City Park, asiwe mbali na kaburi la Pinto.

Maktaba ilipona. Maelfu ya vitabu vya kabla ya mwaka 1900 yamo katika Nyaraka za Taifa, jengo la mawe katikati ya Nairobi lililokuwa zamani benki, na ukumbi wa chini unaitwa kwa jina lake. Ingia siku yoyote utakuta wanafunzi wamejikinga jua huku wakitazama nguo za Afrika Magharibi. Kwa nini vitabu vikabaki na nyumba ikaenda? Jibu langu ni kwamba vitabu viliorodheshwa, vikawekewa watu ambao kazi yao kila asubuhi ni kuhesabu. Nyumba ilikuwa na ahadi, na ahadi haikuwa na mtu wa kuidai. Mkataba uliandikwa vizuri tu, ila aliyeuandika alikuwa amehamia Transmara.

Donovan alijifunza kwa uchungu wa mwenzake, naamini. Nyumba yake ya Mlolongo, iliyojengwa kwa kufuata majengo ya udongo ya Afrika na kuelekezwa mbuga ya Nairobi, ilipotishiwa na njia ya reli mpya alipiga kelele hadi ikatangazwa rasmi kuwa urithi wa taifa. Alifia humo mwaka 2021.

Karatasi pia humwumbua mkusanyaji, na hili wenye makumbusho binafsi hawapendi kulisikia. Mwaka 1985 mtafiti Monica Udvardy alimpiga picha Mzee Kalume Mwakiru, huko Umijikenda, mbele ya vigango viwili alivyowasimikia ndugu zake waliokufa. Kigango hakihamishwi. Husimama hapo mpaka mchwa na mvua vikimalize, maana roho ya marehemu wa chama cha Gohu ndiyo iliyokaa humo. Muda mfupi baada ya picha, vyote viwili viliibwa. Mwaka 1999, katika mkutano wa wasomi, Udvardy akakiona kimoja kwenye slaidi: kilikuwa katika makumbusho ya chuo kikuu cha jimbo la Illinois. Cha pili kilikuja kuonekana Hampton, Virginia.

Hampton si mahali pa hivi hivi. Ni chuo cha watu weusi kilichoanzishwa mara baada ya utumwa kukomeshwa Marekani, na makumbusho yake, ya tangu 1868, ni ya zamani kuliko yote ya Wamarekani weusi. Nyumba iliyojengwa kuwarudishia watu weusi heshima yao ilikuwa imehifadhi roho ya ndugu wa Mzee Mwakiru, iliyong'olewa usiku na kuuzwa. Haikuiba. Ilipewa zawadi na watu walionunua kwa wafanyabiashara, na haikuuliza swali la kutosha. Kile cha Illinois kilirudishwa kwa familia mwaka 2007, kwa nguvu ya picha moja. Denver nako waliamua kurudisha vigango thelathini, vikafika Kenya mwaka 2019 baada ya miaka ya kuvutana juu ya nauli na ushuru.

Kwa hiyo yule mtu wetu wa Smithfield, kabla ya kununua mti wowote wenye uso kwenye mnada wa Sydney, aulize ulitoka kaburini au dukani. Sheria ya Australia ya mwaka 1986 kuhusu mali ya kitamaduni inayohamishika inaruhusu serikali ya huko kukamata na kurudisha kitu kilichotolewa nchini mwake kinyume cha sheria, nchi hiyo ikiomba.

Na kama kilitoka dukani, hakuna aibu. Historia ya duka ni historia. Yale mashetani ya Kimakonde yaliyopinda viungo, ambayo wageni hudhani ni ya tangu zama za mababu, yalianza Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1950, kwa mkono wa Samaki Likankoa, mhamiaji kutoka Msumbiji, na kwa jicho la Mohamed Peera, mfanyabiashara wa Kihindi aliyeona kuwa yatauzika. Ukumbi wenye kibandiko cha namna hiyo, chenye jina la mchongaji, la mfanyabiashara, la mji na mwaka, unamfundisha mtoto aliyezaliwa Australia kwamba babu yake alikuwa mtu wa kisasa, aliyebuni na kupatana bei.

Kinyago kikishuka uwanja wa ndege Sydney kinakutana na maofisa wa karantini, ambao huko hawana mzaha. Mti wenye matundu ya wadudu hufukizwa dawa au kupigwa mionzi, na ngoma yenye ngozi mbichi inaweza kuchomwa moto. Watu wetu huilaani karatasi wanayopewa baada ya hapo, huikunja na kuitupa. Ni ya kuhifadhi: ina tarehe ya kuingia, jina la aliyebeba na nchi ilikotoka. Kwa vitu vingi hiyo ndiyo hati ya kwanza kabisa ya maisha yao.

Mimi ningeanza na vitu ambavyo havina bei. Kadi ya mgao ya kambi ya Nyarugusu, iliyotobolewa kila wiki mbili. Cheti cha shule ya Kakuma. Kanda ya kaseti ya kwaya. Kitenge ambacho mama alifungia mtoto mgongoni kuvuka Ziwa Tanganyika, pamoja na maelezo yake yaliyorekodiwa kwa Kiswahili cha Uvira, kama anavyokisema, bila kumsahihisha. Wenye vitu hivyo wapo hai, na wana majibu ya maswali yote ambayo Collins hakumuuliza Caesar. Tatizo ni kwamba hawavioni kuwa urithi. Ukimwambia mzee aliyekaa kambini miaka kumi na tano kwamba kadi yake ya mgao iwekwe kwenye kabati la vioo, atadhani unamkejeli, na itabidi ukae naye chai nyingi kabla hajaitoa.

Kisha liko swali la nani atabaki na funguo. Makumbusho ya mtu binafsi huwa na afya ya mwenyewe. Watoto watakuwa na kazi zao Melbourne au Perth, kodi ya nyumba itapanda, na kontena la takataka halisubiri. Hati ya zawadi iandikwe mapema, iseme vitu vitakwenda wapi nyumba ikifungwa, orodha iambatanishwe, na nakala ikae kwa mtu wa pili asiye wa familia. Pale The Horsley Drive kuna taasisi yenye ghala, bajeti ya halmashauri na watu wa kuhesabu kila asubuhi. Kama itakubali kupokea kadi za Nyarugusu karibu na majembe ya walowezi ni mazungumzo ya kuanzwa mwenyewe akiwa bado anaweza kupanda ngazi na kuonyesha kila kitu kwa kidole. Murumbi alianza yake akiwa na miaka 65, akiwa na jina kubwa na serikali nzima inayomfahamu, na bado akapoteza nyumba.